Koti la Baba, Redio ya Mtani

Siku tuliyomzika baba, aliyevaa koti lake hakuwa kaka yangu wala baba yangu mdogo. Alikuwa mzee mmoja Mngoni, mpangaji mwenzangu wa Temeke, ambaye baba alionana naye mara moja tu, tena kwa mchana mmoja. Alilitoa koti kwenye msumari chumbani bila kumwuliza mtu, akalivaa juu ya shati lake, akachukua na kofia, akatoka uani akitembea kama baba: mguu wa kushoto ukiburuzwa kidogo, mkono mmoja mgongoni. Watu wote wakanyamaza. Halafu mama, ambaye kwa siku mbili hakuwa ameonja hata uji, akacheka. Akacheka, kicheko kikageuka kilio, kilio kilipokwisha akaomba maji ya kunawa, akala.

Mimi nilihamia Temeke mwaka 2010. Nilikuwa na miaka ishirini na miwili, cherehani ya miguu, godoro, na beseni la vyombo. Nyumba yenyewe ilikuwa ya Kiswahili hasa: ukumbi katikati, vyumba vitatu huku na vitatu kule, uani nyuma kuna bomba, choo, na majiko ya mkaa yamepangwa ukutani. Nilipata chumba cha mwisho. Mlango ulioelekeana na wangu ulikuwa wa mzee huyo, mstaafu wa kazi ya reli, na mkewe. Wote wawili watu wa Songea.

Siku ya kwanza aliniuliza natoka wapi. Nikamwambia Iringa, mimi Mhehe. Akapiga kofi moja, akamwita mkewe: "Njoo umwone mla mbwa! Babu zake waliwakimbia babu zangu, na huyu mbio zimemleta mpaka Temeke!" Kisha akanisalimia kwa lugha yetu, "Kamwene, mnyalukolo." Mnyalukolo ni neno la nyumbani, maana yake ndugu, mtu wa ukoo. Na "mla mbwa" ndivyo Wahehe tunavyotaniwa. Nikacheka kwa adabu. Utani wa Wahehe na Wangoni hakuna asiyeujua kule kwetu. Ila mimi nilikulia Iringa mjini, na nilidhani utani ni maneno hayo tu: mnatupiana, mnacheka, kila mtu anaingia kwake.

Wiki ya pili nilichemsha maharage, nikayaunga kwa nyanya na kitunguu, nikatoka kwenda dukani kununua unga. Niliporudi nilikuta sufuria limeoshwa, limefunikwa juu ya jiko. Mzee na mkewe wako kwenye mkeka wanafuta mikono. "Mtani," akaniambia, "chumvi ilipungua." Mfukoni nilikuwa nimebakiwa na nauli ya daladala ya kesho yake, basi. Niliingia chumbani, nikajifungia, nikalia. Nikaanza kupiga hesabu ya kuhama.

Aliyekuja kugonga ni mama mwenye nyumba, Mzaramo wa Kisarawe, mwanamke asiyependa maneno mengi. Nikamweleza kwa hasira. Akanisikiliza mpaka mwisho, akaniuliza, "Wewe umelelewa na nani? Mwenzio amekufungulia mlango, wewe umejifungia. Nenda kachukue chake."

"Chake kipi, mama?"

"Chochote. Ila usiombe. Ukiomba umeharibu."

Akanieleza kwamba yeye watani wake ni Wanyamwezi. Wazee wa Kinyamwezi walikuwa wakipita Uzaramo na misafara, wamebeba pembe za ndovu wanakwenda pwani. Safari ya miezi. Mtu anaugua njiani, anakufa njiani, hana shangazi wala mjomba wa kumzika. Basi wakawa na watani njiani. Akaongeza, "Mnyamwezi akija kwangu hapa akakuta kuku, kuku huyo si wangu tena. Na mimi nikifa, mtu wa kwanza kushika jembe ni yeye."

Nikavuka ukumbi. Dirishani kwa mzee palikuwa na redio ndogo ya betri, imefungwa kwa mpira kwa sababu kifuniko cha nyuma kilikuwa kimevunjika. Nikaichukua. Moyo ulikuwa unanidunda kama mwizi. Mzee aliniangalia, uso ukamfunguka kabisa, mara ya kwanza namwona vile. "Sawa," akasema. "Lakini saa mbili usiku uirudishe, nisikilize taarifa ya habari."

Nimefikiria sana kilichotokea jioni ile. Mama alinilea kwa neno moja: usiwe mzigo kwa watu. Nami nilifuata. Zamu yangu ya kufagia uani nilifagia, fedha ya umeme nilitoa kabla sijaulizwa, wagonjwa niliwajulia hali. Nilijiona jirani mwema. Kumbe hakuna hata mmoja katika nyumba ile aliyeweza kuja mlangoni kwangu akasema nipe. Nilikuwa natoa pale nilipotaka mimi na kwa kiasi nilichopanga mimi, na huo ni wema wa mgeni. Mzee alinitoa ugenini kwa sufuria la maharage. Alikuwa na haki ya kunidai, na alipoitumia, nami nikapata haki ya kumdai.

Akanidai kwelikweli. Uzi, chumvi, nafasi kwenye kamba ya nguo. Nikipika chapati, mbili zinaondoka zikiwa bado kwenye kikaango. Siku moja nilimshonea mteja suruali, mzee akaichukua, akaivaa, akazunguka nayo uani akijisifu, mpaka nikampa kipande cha kitambaa kama fidia. Na mimi, bila hata kugundua ni lini nimeanza, nikawa naingia kwao bila hodi. Kodi iliponishinda mwezi mmoja, nilikwenda nikakaa kwenye mkeka wao nikasema, "Wangoni, nina deni." Hakuna aliyeniuliza nitalipa lini.

Mwaka 2012 nilijifungua. Baba wa mtoto alikuwa amekwenda kutafuta maisha, na hakurudi. Mama yangu alikuwa mgonjwa Iringa, hawezi safari. Kazi ya kumkanda mzazi ni ya mama yako mzazi, au shangazi, au dada mkubwa, kwa sababu ni kazi ya kuonana utupu. Bibi, mke wa mzee, alikuja asubuhi ya kwanza na ndoo ya maji yanayotoa mvuke, akafunga mlango kwa komeo, akaniambia nivue. Alichovya kanga majini, akaikamua kwa mikono ambayo sikuelewa inavumiliaje moto ule, akanikandamiza tumboni, kiunoni, mgongoni. Nilipiga kelele. "Piga kelele, Mhehe," akasema, "mzee amekwenda kwa jirani, hakuna anayekusikia." Alifanya hivyo asubuhi na jioni kwa siku arobaini, na kila siku baada ya kunikanda aliniletea uji wa pilipili manga, akasimama pale mpaka nimalize. Alinikanda bila ganzi na bila kujifanya haoni. Sijawahi kushikwa vile na mtu tangu nilipokuwa mtoto.

Baba alikuja mtoto alipofikisha miezi mitatu. Mzee alimpokea kwa matusi ya utani mlangoni, baba naye akamjibu, wakakaa uani mpaka jioni wanabishana nani alimshinda nani. Basi, hivyo tu. Ule ndio mchana mmoja waliojuana.

Simu ya msiba ilikuja mwezi wa sita 2014, saa tisa usiku. Nakumbuka nilikaa chini ukumbini, simu mkononi, na milango ikaanza kufunguka mmoja mmoja. Hakuna aliyeniuliza kitu. Mama mwenye nyumba akatoa daftari la shule la mjukuu wake, akachora mistari, likazunguka vyumbani. Mwingine akamchukua mtoto akamlaza kwake. Bibi akanifungia nguo. Mzee akatoka chumbani amevaa viatu.

"Unakwenda wapi, babu?" nikamwuliza. Alikuwa na miaka sabini na kitu, magoti yanamsumbua.

"Kuzika. Nani mwingine atazika? Ninyi mtakuwa mnalia."

Asubuhi tukapanda basi Ubungo. Kutoka Dar mpaka Iringa ni karibu kilomita 500, na njia nzima hakunifariji hata kwa neno moja. Tulipopita mibuyu ya Ruaha Mbuyuni, basi likaanza kupanda mlima Kitonga kwa mwendo wa kobe, malori yamejipanga mbele yetu, ndipo akaanza kuzungumza. Akanieleza vita. Wangoni walitoka kusini kabisa ya Afrika, wakavuka mto Zambezi mwaka 1835, na baadaye wakakaa Songea. Wahehe walikuwa wanapanuka kutoka huku, kwanza chini ya Munyigumba, kisha mwanawe Mkwawa. Miaka ya mwisho ya 1870 na ya mwanzo ya 1880 walipigana, wakachukuliana ng'ombe na watu, mpaka pande zote zikachoka na hakuna aliyemmaliza mwenzake. "Babu yangu aliua watu wa kwenu," akasema, anatazama dirishani, "na watu wa kwenu waliua wa kwetu. Watu waliouana namna ile wana njia mbili tu. Waendelee, au wawe ndugu." Halafu wakaja Wajerumani, na wao wakawamaliza wote kwa zamu. Mkwawa alijiua mwaka 1898 asikamatwe, kichwa chake kikapelekwa Ujerumani, kikarudishwa 1954, na sasa kiko Kalenga, karibu na Iringa. Machifu na mashujaa wa Wangoni walinyongwa Songea tarehe 27 Februari 1906, wakati wa Majimaji. Kila mwaka siku hiyo huadhimishwa kule. Mzee aliniambia aliwahi kwenda Kalenga kukiona kile kichwa, akakisalimia kama mtani wake, kisha akatoka nje akalia peke yake.

Sikujua niseme nini. Akanipigapiga goti mara mbili, akalala.

Nyumbani tulikuta baba mdogo na kaka yangu hawasalimiani. Waligombana juu ya jeneza, nani alipe, la mbao gani. Mama amekaa kwenye mkeka, macho makavu. Asubuhi ya mazishi tulikwenda kuchukua mwili. Ilitakiwa mtoto wa kiume wa kwanza aingie kumvika baba. Kaka alifika mlangoni, akashika mwimo wa mlango, miguu ikakataa. Simlaumu. Mtu yule alimbeba mabegani, atamvikaje soksi?

Mzee hakungoja kuombwa. Aliingia na baba mdogo. Nikakaa nje kwenye benchi. Baada ya muda kidogo mlango ukafunguka nusu, akachungulia. "Mtani, una sindano?"

Mimi natembea na sindano kwenye upindo wa kanga, kama mafundi wengi. Shati walilomvika baba nilikuwa nimelishona mimi mwenyewe, la mikono mirefu, jeupe lenye mistari ya buluu, na kifungo cha pili kilikuwa kimelegea. Mzee hakuona vizuri, hawezi kutunga uzi. Basi nikatunga mimi, pale kwenye benchi. Nilikosa tundu mara tatu, nne. Nikalamba ncha ya uzi, nikajaribu tena, ukapita. Nikapiga fundo, nikampa. Akafunga mlango. Nilisikia akimwambia baba, kwa sauti ya kawaida kabisa, "Tulia, mla mbwa, usije ukachomwa."

Mpaka leo nikitunga uzi kwenye sindano nasikia sauti ile.

Tuliporudi nyumbani ndipo lilipokuja lile la koti. Na makaburini, jeneza lilipofika, mzee alikaa chini mbele ya wabebaji, miguu ameinyoosha njiani. "Halipiti. Ng'ombe za babu yangu ziko wapi?" Baba mdogo akatoa noti ya elfu mbili. Akairudisha. "Ng'ombe ni ng'ombe. Elfu ishirini na jogoo, na alete mtoto wa kwanza pamoja na mdogo wa marehemu, mkono kwa mkono, la sivyo nalala hapa." Watu wakaanza kucheka, wengine wakapiga vigelegele. Kaka na baba mdogo wakabaki wametazamana. Ikabidi wasogee pembeni, wajipekue mifuko, wahesabu pamoja. Waliporudi walikuwa wanazungumza. Katekista alisubiri na kitabu chake, hakusema neno. Naye ni Mhehe, anajua. Kisha mzee akainuka, akavua koti la baba, akachukua jembe kwa kijana mmoja, akawa wa kwanza kuvuta udongo.

Jogoo yule tulirudi naye Dar kwenye basi, chini ya kiti.

Nasikitika nikiona utani tulioubakiza siku hizi. Kwenye simu watu wanarushiana vichekesho vya makabila mchana kutwa, na magazeti yanawaita Simba na Yanga watani wa jadi. Si vibaya. Lakini mashabiki hao hawazikani, na aliyekurushia kichekesho cha Wahehe kwenye kundi la simu hatakuja kuosha maiti yako. Maneno tumeyabakiza, kazi tumeiacha. Na pia nisiwadanganye wasomaji: si kila aliyekaa chumba cha jirani ni ndugu. Katika nyumba ile ile kuna mtu tulikaa naye ukuta kwa ukuta miaka mitano, akahama, na tukikutana sokoni tunapitana. Undugu wa namna hii hauji kwa kuishi karibu tu. Lazima mmoja athubutu kuchukua, na mwingine akubali kuchukuliwa, na wote wakubali kwamba siku ya jambo hakuna wa kusema sina nafasi.

Mwaka 2018 mzee na bibi walirudi Songea. Siku ya kuondoka alinishika mkono akasema, "Utakuja." Nikajibu nitakuja kuwatembelea. Akatikisa kichwa. "Sisemi kutembea."

Akafariki 2021. Nilifunga kibanda changu cha kushonea, nikamchukua binti yangu, wakati huo ana miaka tisa, tukapanda basi. Zaidi ya kilomita 900: Iringa tukapita bila kushuka, Makambako, Njombe kwenye baridi, tukaingia Songea usiku. Njia yote nilikuwa najipanga: nitasema nini, nitachukua nini, nitakaa wapi mbele ya jeneza. Nilikuwa nimeyaandika kichwani kama mtu anayekwenda kwenye mtihani.

Nilipofika na kuona viatu vyake mlangoni, vile vile vya kwenda Iringa, yote yakapotea. Nilianguka nikalia kama mtoto aliyefiwa na baba. Wanawake wakanishika mabega. Nikalia mpaka sauti ikakauka. Bibi alikuwa amekaa ukutani, kaniki begani, amekonda. Akaniita.

"Mhehe."

"Bee, bibi."

"Wa kulia ninao. Watoto sita, wajukuu sijui wangapi, wote wanalia. Wewe nilikuwa nakungoja kwa kazi nyingine."

Hapo nilielewa kile mzee alichokifanya kwetu kilimgharimu nini. Nilidhani siku ile yeye haumii kwa sababu hakuwa damu yetu. Alimpenda baba kwa mchana mmoja, na mimi kwa miaka, na alibeba kicheko kile mpaka mwisho kama mtu anavyobeba ndoo imejaa kichwani, asimwage.

Nilinawa uso. Niliingia chumbani kwao, nikatafuta kofia yake, nikaivaa, nikatoka. Nikasimama katikati ya uwanja wa watu nisiowajua. "Haya," nikasema, na sauti ilitetemeka, "Mngoni ameona Mhehe anakuja, amekimbia tena!" Kimya. Kisha mjukuu mmoja wa kiume, mrefu, ana pua ya babu yake, akaangua kicheko, akafunika mdomo kwa kiganja, na machozi yakamtoka hapo hapo. Kisha wengine. Binti yangu alinitazama kwa mshangao, kisha akakimbilia upande wa majiko, na baadaye nilimkuta amebeba kuku asiyeambiwa na mtu amchukue.

Makaburini nilikaa chini njiani, nikanyoosha miguu. Wakaniuliza nataka nini. Nilikuwa nimepanga kudai ng'ombe, kama ilivyo desturi. Nikadai redio.

Wakatumwa vijana nyumbani kuitafuta. Ilikuwa bado ina ule mpira nyuma. Nikaipakata, nikainuka, nikashika jembe.

Sasa iko kibandani kwangu Temeke, juu ya kabati la vitambaa. Bibi hunipigia simu mara kwa mara, karibu kila wiki, na hasalimii. Ikifika karibu na saa mbili usiku, simu inaita, napokea, na yeye anauliza, "Mla mbwa, umeweka betri?"